Skeli ninazijua zote, mbona solo yangu haisemi kitu?

"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 38, napiga gitaa la solo kwenye bendi ya dansi hapa Dar es Salaam tangu mwaka 2009. Kopi za nyimbo za zamani nazipiga nota kwa nota na hakuna anayelalamika. Sasa hoteli moja imetutaka tupige jazi kila Alhamisi, tunaanza baada ya wiki sita, na kiongozi wa bendi ameniambia nijiandae kwa solo za kubuni papo hapo. Nimenunua kitabu cha skeli (zile nota zinazopangwa kupanda na kushuka kwa mfuatano), nakesha nacho saa nne hadi tano kila usiku, lakini solo yangu inasikika kama mtu anayepanda na kushuka ngazi akitafuta funguo. Mpiga kinanda wetu anasema jazi ni kipaji cha kuzaliwa, na kwamba Wamarekani weusi wa zamani hawakujua nota wala nini, walifumba macho wakapiga kilichowajia. Je, nimechelewa? Niendelee na skeli? Ni lazima ninunue lile gitaa lenye tumbo kubwa? Halafu kuna jambo dogo: siku hizi naamka usiku vidole vya mkono wa kushoto vimekufa ganzi."

Marahaba, ndugu yangu. Hilo uliloliita dogo ndilo lililonishtua kuliko mengine. Nitalifikia mwishoni, na nakuomba usiache kusoma kabla yake.

Hofu yako kubwa, kama nimekuelewa, ni kwamba wenzako wamezaliwa na kitu ambacho wewe hukupewa, na ushahidi wako ni huu: kukopi unaweza, kubuni huwezi. Basi nikusimulie habari za Wes Montgomery wa Indianapolis, Marekani. Alizaliwa mwaka 1923. Alipokaribia miaka 20, ameshaoa, alisikia santuri ya Charlie Christian, mpiga gitaa la umeme wa bendi ya Benny Goodman. Akatafuta gitaa na kikuza sauti, akakaa chini kukopi. Alizikopi solo za Christian moja baada ya nyingine kwa sikio, kwa sababu kusoma nota hakujua. Klabu moja ya mjini kwao ikamwajiri kwa ajili hiyo hiyo: zamu yake ikifika anapiga solo ya Christian kama ilivyo kwenye santuri, ikiisha hana kingine, anakaa pembeni wenzake waendelee. Huyo alikuwa wewe kabisa, ila wewe una akiba kubwa kuliko yake.

Mwaka 1948 Lionel Hampton alimchukua kwenye bendi yake kubwa. Baada ya miaka kama miwili akarudi kwao, mchana kiwandani, usiku klabu. Albamu yake ya kwanza akiwa kiongozi ilirekodiwa mwaka 1959, ana miaka 36. Leo ukimwuliza mpiga gitaa la jazi yeyote akutajie majina matatu, la Wes halikosi. Sikuahidi utakuwa yeye. Ninachosema ni kwamba mlango alioingilia ni huo uliosimama wewe, na unauona ni ukuta.

Sasa huyo mpiga kinanda wenu. Ana nusu ya ukweli. Ni kweli wapo wakubwa ambao hawakusoma nota: Wes mwenyewe, na Erroll Garner kwenye piano. Lakini kutosoma karatasi ni jambo moja, kutojua unachofanya ni jambo jingine. Hata hivyo wengi walisoma. Louis Armstrong, mpiga tarumbeta, aliunoa usomaji wake kwenye meli za starehe za mto Mississippi, katika bendi ya Fate Marable, aliyokuwa nayo tangu 1919. Coleman Hawkins alijifunza piano na selo kabla hajashika saksafoni.

Na habari ya "kufumba macho na kupiga kilichowajia" ina ushahidi wa maandishi dhidi yake. Mwezi Februari 1926 Armstrong alirekodi huko Chicago wimbo wake Cornet Chop Suey. Ukiisikiliza korneti ile, ndugu ya tarumbeta, utaapa kwamba kila nota imezaliwa dakika hiyo hiyo. Kumbe wimbo huo alikuwa ameshauandika kwa mkono wake na kuupeleka Washington kusajiliwa hakimiliki mwezi Januari 1924, na karatasi ile ina hata sehemu ambayo sote tungeiita solo. Miaka miwili! Alikuwa ameilea, akaipangusa, akaipeleka studio. Mimi nilipolijua jambo hilo nilikasirika kama niliyetapeliwa. Siku ya pili nikaona ndiyo habari njema kuliko zote nilizowahi kuzisikia kuhusu muziki huu.

Chukua na Charlie Parker, mpiga saksafoni. Mwezi Novemba 1945 alirekodi Ko-Ko kwa kasi ya karibu mapigo 300 kwa dakika. Piga hesabu: mapigo matano kwa sekunde, na kila pigo lina nota mbili, yaani nota kumi kwa sekunde moja. Hakuna binadamu anayekata shauri mara kumi kwa sekunde. Mwaka 1974 mtafiti Thomas Owens alikamilisha tasnifu ya kuchambua takriban solo 250 za Parker, akakuta vifungu kama mia hivi vinavyojirudia, virefu na vifupi, vikiunganishwa kila mara kwa namna nyingine. Parker alikuwa anaamua kifungu, nota ndani yake zilishaamuliwa zamani chumbani. Mwenyewe alisema kwenye mahojiano ya redio mwaka 1954 kwamba kwa miaka mitatu minne alifanya mazoezi saa 11 hadi 15 kwa siku. (Hilo usilichukue kwa mkono wako huo.)

Kwa hiyo kinachobuniwa papo hapo ni kidogo kuliko unavyodhani. Ni uamuzi wa wapi uanze, kifungu gani ukipige sasa, ukinyooshe au ukikatize, umjibu mpiga drams au umwache, na lini unyamaze. Kidogo hicho kinataka kichwa kilichotulia, na kichwa hakitulii kama bado kinatafuta nota. Mwaka 2008 Charles Limb na Allen Braun waliwalaza wapiga piano sita wa jazi ndani ya mashine ya kupiga picha za ubongo, wakawapa kinanda kidogo. Walipoanza kubuni, sehemu za ubongo zinazohusika na kujisimamia na kujikosoa zilipungua kazi. Watu sita ni wachache, tusijenge ghorofa juu yao, lakini kila mpiga ala anajua jambo hilo mwilini: ukijisimamia unajikwaa.

Turudi kwenye kitabu chako cha skeli. Hakina kosa. Skeli inakuambia nota zipi hazitakuaibisha, basi. Haikuambii unaelekea wapi wala ufike lini. Kwenye dansi hilo halikukuumiza kwa sababu kodi, yaani nota kadhaa zinazopigwa kwa pamoja (sizungumzii zile za TRA), ni mbili, tatu au nne, zinazunguka pale pale mpaka chemko liishe, na skeli moja inakufikisha. Jazi iliyotoka kwenye bluzi na nyimbo za Broadway, yale maonyesho ya jukwaani ya New York, kodi zake zinahama, na msikilizaji, hata asiyejua jina la kodi moja, anasubiri kusikia kama umehama nazo. Ukipiga skeli sahihi bila kuhama, unasikika kama ulivyojieleza mwenyewe: mtu kwenye ngazi. Ulijipima vizuri kuliko mpiga kinanda wenu alivyokupima.

Shika gitaa, nikuonyeshe. Tuchukue bluzi ya vipimo 12 kwenye A (kipimo kimoja ni mapigo manne): vipimo vinne vya A7, viwili vya D7, viwili vya A7, kimoja cha E7, kimoja cha D7, viwili vya A7. Kila kodi ina nota mbili zinazobeba sura yake, ya tatu na ya saba, ukihesabu kuanzia nota iliyoipa kodi jina. Ya kwanza na ya tano mwachie mpiga besi. Kwenye A7 ya saba ni G. Kwenye D7 ya tatu ni F#. Kwenye E7 ya tatu ni G#. Weka kidole uzi wa nne na uhesabu freti, yaani vyumba vya shingo ya gitaa: freti ya 4 ni F#, ya 5 ni G, ya 6 ni G#. Freti tatu zilizopakana, na bluzi nzima imo humo. Vipimo vinne piga G, nota moja ndefu kwa kila kipimo. Kipimo cha tano kikifika shuka freti moja. Cha saba rudi. Cha tisa panda freti moja, cha kumi shuka mpaka F#, cha kumi na moja rudi G.

Piga bila bendi, bila simu, mguu tu ukihesabu. Ule mteremko wa nusu toni, yaani freti moja, kutoka kipimo cha nne kwenda cha tano utausikia kama mlango unaofunguka chumba cha pili. Ukishauzoea, fanya hivyo hivyo kwenye uzi wa pili: C# freti ya 2 kwa A7, C freti ya 1 kwa D7, D freti ya 3 kwa E7. Sasa una njia mbili za kupita. Kitabu chako kitaanza kuwa na maana hapa, kwa sababu skeli itakuwa barabara ya kukufikisha F# mwanzoni mwa kipimo cha tano, badala ya kutembea bila safari. Wiki nzima usifanye kingine kwenye solo. Inachosha, najua. Wanafunzi wangu wengi huniacha hapa, wakarudi kwenye kasi.

Jambo la pili ni pumzi. Mpiga saksafoni akiishiwa hewa ananyamaza apende asipende, na pale anaponyamaza ndipo sentensi inapoishia. Mpiga gitaa hana anayemkatiza, kwa hiyo anamwaga nota mpaka mkono uchoke. Dawa ni kuimba unachopiga, kwa sauti, hata kama sauti yako ni ya kufukuza kuku. Ukiishiwa pumzi, vidole navyo visimame. Kile usichoweza kukiimba usikipige kwa sasa.

Na hapa dansi imekupa mtaji. Bendi zetu ziliitwa jazi kabla hatujazaliwa, Dar es Salaam Jazz Band mwaka 1932, Morogoro Jazz mwaka 1944, na neno lile lilikuwa na maana ya bendi ya kisasa ya kuchezesha watu, siyo huu muziki wa kodi zinazohama ambao hoteli inautaka. Lakini msikilize Mbaraka Mwinshehe akiwa na Morogoro Jazz. Anakamata kifungu kifupi, anakirudia, anakigeuza mkia, anakirudia tena, na nafasi anayoiacha anaijaza mpiga gitaa la rithimu. Kukamata wazo moja na kulitafuna ni nusu ya kazi ya solo ya jazi, na wewe umeifanya miaka yote hii bila kuambiwa ni somo. Kinachobadilika ni mwendo. Kwenye swingi, yaani mwendo wa jazi, nusu mbili za pigo hazilingani, ya kwanza inavutwa, ya pili inafupishwa, na kadiri wimbo unavyokimbia ndivyo zinavyokaribia kulingana. Hilo halifundishiki kwa maandishi. Piga sambamba na santuri za Christian mpaka likuingie kiunoni.

Zaidi ya bluzi utakutana na nyimbo za vipimo 32: vinane vya mwanzo, vinane vile vile tena, vinane vya katikati vyenye kodi za ugenini, kisha vinane vya mwanzo. Mimi ujanani nilipotelea kwenye hivyo vya katikati, mbele ya watu waliovaa tai, kwenye hoteli ambayo sitaitaja. Wenzangu wamesharudi nyumbani, mimi bado niko ugenini na ninatabasamu nikidhani ndio waliokosea. Mpiga besi alinisogelea akanipigia nota ya kwanza kwa nguvu mara nne mpaka nikazinduka. Tangu hapo siruhusu mwanafunzi apige solo kwenye wimbo ambao hawezi kuuimba wote kichwani wakati anapika chai.

Ufanye nini kwa wiki sita? Zipo njia tatu, kila moja ina gharama yake. Kusoma nadharia kwanza ni njia safi na ya polepole, wiki sita hazitoshi, na hatari yake ni kujua majina ya vitu usivyovisikia. Kujitupa tu jukwaani kila Alhamisi kutakupa ujasiri, na kwenye bluzi kunafaa, ila kodi zikianza kukimbia sikio tupu linaachwa. Kukopi solo za mabingwa ndiyo njia ya Wes, na kwako ndiyo rahisi kwa sababu una sikio hilo tayari. Gharama yake ni muda: mzunguko mmoja wa solo ya Christian unaweza kukula wiki nzima. Ukiupata, usiishie kuupiga. Uukate vipande, jiulize kila kipande kinatua juu ya nota gani ya kodi ipi, kisha kihamishie kwenye wimbo mwingine. Wapiga kopi wengi huruka hatua hiyo, ndiyo maana wanabaki na solo nyingi na maneno hawana. Simu yako inaweza kupata programu ya kupunguza kasi ya wimbo bila nota zake kushuka. Wes hakuwa nayo.

Ningekuwa wewe ningechagua nyimbo sita tu, mbili zikiwa bluzi, na solo zake ningezitayarisha nusu: mwanzo na mwisho nimeshaujua, katikati naachia. Ukiona haya kwamba huko ni kudanganya, mkumbuke Armstrong na karatasi yake. Na ukitaka kuona bingwa aliyekosa muda wa kujiandaa, tafuta Giant Steps ya mpiga saksafoni John Coltrane, iliyorekodiwa mwaka 1959. Coltrane alikuwa amezifanyia kazi kodi zile muda mrefu, anapita kama maji. Zamu ya mpiga piano Tommy Flanagan inapofika, nota zinakatika, anaishia kuweka kodi tu. Flanagan hakuwa mwanafunzi, alikuwa miongoni mwa wapiga piano bora wa mji wa New York. Mwaka 1982 aliurekodi tena wimbo huo na safari hii aliumudu kwa raha.

Kwa wiki sita hutakuwa mpiga jazi. Utakuwa mpiga gitaa ambaye kodi zikihama naye anahama, na kwa Alhamisi ya kwanza hilo linatosha. Mwambie kiongozi wako hivyo hivyo mapema, asikutangaze kwa wenye hoteli kama kitu kingine.

Yapo mambo ambayo barua haitayaona. Kama ukijirekodi unasikia unatangulia drams kila mara, au mkono wa kulia unakaza, tafuta mtu akuone kwa macho, hata mara mbili tatu tu. Si lazima awe wa jazi. TaSUBa, chuo cha sanaa kule Bagamoyo, au Chuo cha Muziki wa Nchi za Jahazi pale Zanzibar kuna watu wenye masikio. Ukipata mzee wa udi au kanuni, zile ala za nyuzi za taarabu, anayepiga taksim (solo ya kubuni papo hapo), keti karibu yake jioni moja, utazame anavyozunguka nota moja muda mrefu kabla hajaiachia. Muziki wake si jazi na kodi hana, ila uvumilivu anaoutumia ndio huo ninaokudai.

Sasa mkono. Kuamka usiku vidole vimekufa ganzi, baada ya wiki kadhaa za saa tano tano, si uchovu wa kawaida wa kupuuza. Huenda mshipa wa fahamu unabanwa, na mahali pa kawaida ni kwenye kifundo cha mkono. Angalia ni vidole vipi: gumba, cha shahada na cha kati mara nyingi huashiria kifundo, kidole cha mwisho na jirani yake huashiria kiwiko. Mweleze daktari hivyo, mwambie na kazi yako, maana akidhani unaandika barua tu atakupa jibu jingine. Mimi siyo daktari na sitakupa dawa. Nitakachokwambia ni uende wiki hii, na kama vitu vimeanza kukudondoka au kidole kinakosa nguvu, nenda kesho. Mpaka uonwe, gitaa liwe nusu saa na kupumzika, si zaidi ya mara mbili kwa siku, na kifundo kisikunjwe sana chini ya shingo ya gitaa. Hutapoteza kitu: kuimba, kusikiliza, kuhesabu vipimo na kujua wimbo kichwani ni zaidi ya nusu ya kazi niliyokupa, na vyote havihitaji mkono wa kushoto.

Gitaa lenye tumbo usinunue. Ni kweli Christian alikuwa nalo, Wes naye, lakini hilo lako la dansi likifungwa nyuzi nene kidogo, ukatumia pikapu (kinasa sauti cha nyuzi) ya upande wa shingo na ukaikata toni mpaka katikati, hakuna mla chakula pale hotelini atakayejua tofauti. Ila nyuzi nene subiri kwanza daktari aseme. Na ile hela ya gitaa, anza kumlipa yeye.